Mdundo Uliopotea Kisesa

Jumapili, 28 Mei 1995

Kitabu hiki si changu, ni cha Mjerumani. Nimekikuta leo kwenye mfuko wa koti ndani ya belo la mitumba. Kipya kabisa, kina utepe mwekundu wa kuwekea alama, na mwenyewe hakuandika hata neno. Pengine maisha yake hayakuwa na cha kuandikwa. Yangu yanacho. Tarehe zake hazikubaliani na zetu, kwa hiyo nazikata na kuweka zangu.

Tufahamiane basi. Naitwa Machibya, wa Kisesa, miaka ishirini, muuza viatu vya mitumba Mwanza mjini. Elimu kidato cha pili. Baada ya hapo walimu waliishiwa. Lakini hayo madogo. La maana ni kwamba mimi ndiye mpiga ngoma kubwa wa kundi letu la Wagalu, na tangu nishike vijiti hakuna Mgika, mtu wa kundi pinzani la Wagika, aliyewahi kunishinda. Nikipiga, vikongwe wanawapa watu fimbo zao washikiwe.

Kuna jambo moja dogo. Jioni kwenye mazoezi, katikati ya mdundo wa kuingilia uwanjani, moyo ulianza kujipigia wenyewe. Si kwa haraka tu, ovyo. Kama kuku aliyefungiwa kwenye tenga. Mikono inakwenda huku, kifua kinakwenda kule. Nikaacha kupiga, nikawaambia kijiti kimepasuka.

Jumatatu, 29 Mei

Umetulia. Raba zimetoka zote. Nilijua tu.

Jumapili, 4 Juni

Umerudi, na safari hii haukuondoka. Manju wetu, Mzee Mayala, ambaye ndiye anatunga nyimbo na kutunza dawa za kundi, aliniona nimeegemea ngoma nahema. Akaweka sikio kifuani kwangu, akafumba macho, akasikiliza muda mrefu.

"Huu si ugonjwa," akasema. "Huyu ni Nkwabi."

Nkwabi ni mpiga ngoma wa Wagika. Fundi baiskeli, shingo ndefu, mdomo mrefu zaidi. Mzee anasema ameenda mbali kutafuta dawa ya kunivuruga, maana mpiga ngoma akivurugwa moyo, mikono itafuata nini?

Nilikubali upesi. Na niseme kweli, inapendeza kurogwa. Maana yake wanakuogopa.

Jumatano, 7 Juni

Mama yangu, mayu Tereza, hapendi habari za Nkwabi. Asubuhi alinikuta nimekaa chini njiani na ndoo moja tu ya maji. Mimi, ninayebeba belo zima begani!

"Wagika hao hao wanaoshindwa hata kuniibia kuku, leo ndio wanajua kuiba moyo?" akasema. "Vaa shati."

Tukaenda Mwanza, hospitali kubwa ya mlimani. Ule mlima peke yake ni kipimo, nilipumzika njiani mpaka mabibi waliobebeshwa wajukuu wakanipita, mmoja akaniambia, "Pole, mzee."

Daktari anaitwa Otuoma, Mjaluo wa kwao Mara, mrefu, ana sauti ya mtu anayesoma misa.

"Shikamoo, daktari."

"Marahaba. Unafanya kazi gani?"

"Mpiga ngoma bora kuliko wote Kisesa."

"Nani amesema?"

"Mimi."

"Mgonjwa anajitambua," akamwambia nesi, Sista Getruda, naye akaandika kabisa kwenye faili, nadhani.

Wakanilaza, wakanibandika nyaya kifuani, mikononi na miguuni. Kuna mashine inatoa karatasi ndefu na sindano inachora. Daktari akanionyesha. Moyo wa mtu mwenye afya unachora vilima vilivyopangana sawasawa. Wangu ulikuwa umechora njia ya mlevi.

Akanieleza vizuri. Moyo una vyumba vya juu na vya chini. Vya juu vinatakiwa vipige, na vya chini vijibu. Vyangu vya juu vimeacha kupiga, vinatetemeka tu, na vya chini havijui vimjibu nani. Nikamwambia hiyo naijua: ni pale wapiga ngoma ndogo wanapolewa, na ngoma kubwa inabaki inababaisha.

"Hapo umesema," akacheka. Kisha akaacha kucheka. "Damu inayotetemeka bila kusukumwa inaganda. Bonge dogo likitoka pale likapanda kichwani, unapooza upande mmoja. Mkono huu, au ule. Unapigia ngoma upi?"

"Yote miwili."

"Basi sikiliza."

Anasema milango ya moyo wangu ni mizima, na tezi ya shingo ni nzima; ni umeme wa moyo wenyewe uliochanganyikiwa. Huko Ulaya wameanza kujaribu kupitisha waya mwembamba kwenye mshipa wa paja hadi ndani ya moyo, wakafika penye ukorofi, wakapachoma. Mayu alipiga ishara ya msalaba. Mimi niliuliza kama mtu akichomwa hivyo anatoa moshi. Daktari akasema hapa hatuna waya huo. Tuna vidonge vya kuutuliza mwendo, tuna vidonge vya kulainisha damu isigande, na tuna mashine ya kuushtua moyo kwa umeme ukae sawa. Lakini hawezi kunishtua kabla damu haijalainika wiki nne kamili, nikimeza kila siku bila kuruka. Akinishtua mapema, bonge likiwepo litarushwa kichwani.

"Na ngoma?" nikauliza.

"Hakuna ngoma mpaka nikuambie."

Mayu akashukuru, "Wabeja sana, daktari," kama vile kapewa zawadi.

Alhamisi, 8 Juni

Nimemeza. Vidonge vidogo hivi, sioni kama vina ubavu.

Alhamisi, 15 Juni

Sikukuu ya Bulabo, siku kubwa ya ngoma za Wasukuma. Kisesa imefurika, vumbi mpaka kwenye chai. Wachezaji wa nyoka, wa majembe, wa fisi, wote wapo. Na mimi nimekaa kwenye kiti kama baba wa bibi harusi, mdogo wangu Chenge ndiye anapiga ngoma yangu. Anapiga kama anafukuza mbuzi.

Moyo bado ovyo, ila umepunguza mbio. Naweza kupanda mlima bila kuitwa mzee.

Nkwabi alinitungia wimbo, akawaimbisha Wagika mbele ya pua yangu:

*Machibya moyo wake umetoroka,*
*umemkimbia vijiti mkononi,*
*mwenye kuuona aufunge kamba!*

Watu wakacheka mpaka wengine wakakaa chini. Kwa kweli ni wimbo mzuri. Namchukia.

Jumanne, 20 Juni

Viatu vya kike ndivyo vinatoka. Vidonge nameza.

Jumamosi, 24 Juni

Kasheshe. Pamba imeanza kuvunwa, na mwaka huu si chama cha ushirika peke yake. Wanunuzi binafsi wamejaa, kila mmoja na mizani yake na maneno yake matamu. Mmoja ametangaza kwa kipaza sauti: Jumapili ijayo, Wagalu na Wagika uwanja mmoja, zawadi dume la ng'ombe. Anataka wakulima waje na pamba zao.

Kwa hiyo leo kundi limeingia kwenye dawa. Nifafanue. Wiki moja kabla ya mashindano, kila mwenye dawa yake, ya mti, ya hirizi, ya kupaka, anaileta kwa manju. Inawekwa kwenye chungu kimoja, kila mtu anapata sehemu. Ukificha ya kwako, umejitakia nguvu peke yako, na kundi likishindwa ni wewe.

Mzee Mayala akanitazama. "Na zile za mlimani?"

"Ni za moyo, mzee."

"Ndiyo. Sisi hatuna mioyo?"

Chenge anaangalia miguu yake. Ningesema nini? Mimi, Machibya, nionekane mchoyo? Nikatoa pakiti zote mbili, zikamwagwa kwenye chungu. Wacheza majembe wakapata kimoja kimoja, Chenge akapewa viwili kwa sababu ndiye mwenye ngoma. Mzee akasema, kwa kuwa nimetoa, Jumapili nitapiga mwenyewe.

Moyo wangu ni wangu. Siku chache bila vidonge hauwezi kufa.

Jumapili, 25 Juni

Chenge ametapika kutwa. Mzee anasema uchafu unatoka.

Jumatano, 28 Juni

Unakimbia tena. Mayu ameuliza kama nimemeza. Nimesema nimemeza. Nilimeza mate.

Ijumaa, 30 Juni

Niko sawa. Nimekaa tu kwa sababu kiti kipo.

Jumanne, 4 Julai

Naandikia kitandani, mlimani. Nipo. Mikono yote miwili ipo, nimeshaijaribu kwa kumchezea Sista Getruda mdundo kwenye sinia.

Jumapili ilikuwa hivi. Kwetu, makundi mawili hayachezi kwa zamu. Yanacheza pamoja, kila moja upande wake, na watazamaji wako katikati. Anayependeza anavuta watu, asiyependeza anabaki anachezea vumbi. Mwisho wa mchezo, mwamuzi anaangalia watu wako upande gani. Basi.

Nilipoanza, watu walikuja. Naapa walikuja. Wacheza majembe wakayarusha juu, jua likawaka kwenye chuma. Nkwabi naye ng'ambo alikuwa moto, nausikia mdundo wake ukivuta watu wangu mmoja mmoja. Nikaongeza. Kifua kikaongeza zaidi yangu. Kisha sikusikia tena ngoma. Nilisikia kuku kwenye tenga, tena wengi. Nikaona vijiti vinaanguka, nikashangaa nani huyo anaangusha vijiti vyangu.

Nilipofumbua macho, shingo ndefu ilikuwa juu yangu. Nkwabi. Amenishika kwapani, mwenzake ameshika miguu, wananiingiza kwenye lori la mnunuzi wa pamba. Wakanilaza juu ya pamba mbichi, mayu akapanda, Nkwabi naye akapanda, lori likaondoka.

"Umefuata nini?" nikamuuliza. "Uone kama dawa yako imefanya kazi?"

"Dawa gani?"

"Uliyonirogea."

Akanitazama kama ninavyotazama mteja anayetaka viatu viwili vya mguu wa kushoto. "Machibya, mimi nikiwa na dawa hiyo, ningekuwa naziba pancha?"

Mayu akacheka, huku analia.

"Mbona umeacha ngoma yako?" nikasema. "Watu walikuwa wanakuja kwako."

"Ngoma yako ilinyamaza. Nikafikiri umenitega, nikachungulia, nikakuona chini. Sasa kesho ningeimba nini? Kwamba nimemshinda mtu aliyelala?" Halafu akasema kwa sauti ndogo, "Kaka yangu Kashindye alikuwa na hiyo hiyo. Moyo wa ovyo. Tulisema amerogwa. Siku moja akaamka hawezi kusema, mkono umelala. Hakupona. Ndiyo maana nilikutungia wimbo, ujue kwamba unaonekana."

"Ungeniambia tu."

"Ungesikia?"

Nilikuwa nahema. Akaweka mkono kwenye ubao wa lori, akaanza kupiga polepole, mzito mmoja, mwepesi mmoja. "Pumua na huu."

"Sipumui mdundo wa Wagika."

"Basi kufa Mgalu."

Nikapumua nao. Mpaka Mwanza.

Jumatano, 5 Julai

Leo ndiyo siku niliyokuwa nishtuliwe. Daktari Otuoma amekuja na karatasi yangu ya mashine. Akauliza vidonge vimeenda wapi. Nikamweleza habari ya chungu.

Hakupiga kelele. Ningependa angepiga. Alikaa kwenye kitanda changu.

"Wangapi wamemeza?"

"Kundi zima. Kimoja kimoja. Mdogo wangu viwili."

"Mmoja wao angekuwa na kidonda cha tumbo, angetoka damu mpaka mwisho. Unajua? Na wewe ungepooza pale pale uwanjani, mbele ya hao watu wako." Akasimama. "Tunaanza upya. Siku ya kwanza ni leo."

Akaagiza wote waliomeza waje kuangaliwa. Mimi niligeukia ukutani. Nilijiona mkarimu, kumbe ningemuua Chenge.

Jumapili, 9 Julai

Wamekuja na lori la pamba, kundi zima, na mavazi ya ngoma. Hospitali nzima ilidhani ni kampeni ya chama kipya. Wameangaliwa, wote wazima, Chenge amepigwa sindano kwa sababu alibisha.

Mzee Mayala aliingia wodini akiwa na jogoo. Akasimama mbele ya daktari, kofia mkononi.

"Daktari, nilidhani nguvu ya dawa ni ya kundi. Nimewalisha watoto wa watu. Nipokee na huyu jogoo."

"Shikamoo, mzee," daktari akasema kwanza, na hapo nilimpenda. "Dawa zangu zina mwenyewe. Kila moja ina jina la mtu. Kwenye chungu chako weka majani yako, haya ya kwangu mwachie Machibya. Na jogoo mpe mama yake, kijana amle akitoka."

"Nimesikia."

Halafu Mzee akanigeukia, uso ukang'aa. "Lakini dume tumelipata, tumeshalila!"

"Dume lipi?"

"La mashindano! Ulipoanguka watu wote walikimbilia kwetu kukuona. Wagika hawakubaki hata na mbwa. Mwamuzi akaangalia: watu wako upande gani? Wa Wagalu!"

Wodi ikaangua kicheko, hata mzee mmoja wa Nansio mwenye mguu uliofungwa kwenye mwamba wa chuma. Mimi nilicheka, kisha nikaacha. Nkwabi aliacha ngoma akaja kunibeba, na sisi tumekula ng'ombe wake.

"Alipelekewa hata paja?"

Mzee akaangalia jogoo.

Jumatatu, 17 Julai

Nimerudi nyumbani. Mayu ananipa kidonge, ananitazama nikimeza, anasema, "Fungua mdomo. Inua ulimi." Kama ng'ombe mnadani.

Alhamisi, 20 Julai

Fungua mdomo.

Jumamosi, 22 Julai

Jamaa wa chama fulani wamekuja kunikodi nipige kwenye mkutano wao wa kampeni. Mayu amewaambia moyo wangu haujajiandikisha.

Jumatano, 26 Julai

Nkwabi kaja na baiskeli ya mtu mgongoni. Amekaa mlangoni anaikaza minyororo, tunabishana nani anapiga vizuri. Nikamwambia kuhusu dume. Akasema analijua, anawasikia Wagalu wanavyonenepa.

"Tutarudia," nikasema. "Uwanja ule ule. Bila ng'ombe."

"Kwanza moyo wako urudi kutoka ulikotorokea."

Jumanne, 1 Agosti

Leo wamenishtua.

Niandike kwa uaminifu, kwa sababu njiani nilimwambia kila mtu siogopi, hata kondakta ambaye hakuuliza. Nilipoiona mashine, niligeukia mlango. Ina pasi mbili za chuma zenye waya, na Sista Getruda anazipaka mafuta mazito kama mtu anayetaka kunyoosha suruali.

"Suruali ni mimi?" nikasema.

"Ni wewe. Lala."

"Sista, nisipoamka, viatu saizi kubwa viko chini ya kitanda."

"Hakuna anayevitaka. Lala."

Damu ilikuwa imepimwa, imelainika inavyotakiwa. Daktari akanishika bega. "Utalala kidogo tu. Ukiamka, utaniambia nani bora Kisesa." Sindano ikaingia. Nilitaka kujibu hapo hapo, sikufika mwisho wa jina langu.

Mayu alikuwa nje mlangoni. Anasema alisikia kishindo cha kitanda. Kisha kimya. Kisha daktari anasema, "Bado. Tena." Kishindo cha pili. Mayu anasema hapo hakuomba Mungu, alimtishia.

Nilipoamka, kifua kilikuwa kinawaka, alama mbili nyekundu kama nimebusiwa na pasi. Na kimya. Nilifikiri nimekufa. Siku hizi zote nimelala na fujo kifuani mpaka nimeizoea, kama mtu aliyejenga karibu na mashine ya kusaga. Sasa mashine imezimwa.

Nikaweka mkono. Du. Nikasubiri ujinga. Du. Nikasubiri. Du. Haukuwa na haraka na mtu.

Daktari akaniletea karatasi. Vilima. Vidogo, vizuri, vimepangana kama matuta ya viazi.

"Haya. Nani bora Kisesa?"

Mdomo ulifunguka, machozi yakatangulia. Mayu akanifuta kwa kanga yake, akasema, "Mnaona? Kaponywa hata majigambo."

Si kweli. Nilijibu baadaye.

Jumatano, 2 Agosti

Bado unapiga sawa. Daktari anasema unaweza kurudia ujinga siku yoyote. Niendelee na vidonge, pombe hapana, usingizi wa kutosha, na nikisikia kuku, niweke vijiti chini nije. Ngoma nianze kidogo kidogo baada ya wiki mbili.

Jumamosi, 12 Agosti

Sawa.

Jumapili, 20 Agosti

Mazoezi. Chenge amenirudishia vijiti bila kuambiwa. Kundi limeingia kwenye dawa, chungu kimepita, na kilipofika kwangu Mzee Mayala akakikwepesha mwenyewe: "Huyu ana cha kwake." Mayu akatokea na kidonge na bilauri. Mbele ya wanaume wote. "Fungua mdomo."

Jumapili, 27 Agosti

Uwanja ule ule. Hakuna zawadi, hakuna kipaza sauti, lakini watu walijaa kuliko siku ya dume. Walikuja kuona kama nitaanguka.

Kabla ya kuanza Nkwabi alivuka uwanja mzima, akaja mpaka kwenye ngoma yangu. Wagalu wakaanza kunung'unika, adui haingii upande wetu siku ya mchezo. Akanishika mkono, vidole juu ya mshipa, akainamisha ile shingo yake, akasikiliza.

"Uko sawa," akasema.

"Nakuambia kila siku."

"Vizuri. Basi leo sina huruma."

Na hakuwa nayo! Alipiga kama mtu aliyeficha mikono yake miaka yote. Nilimpa kila nilichonacho, mdundo wa kuingilia, wa majembe, hata ule niliokuwa nautunza kwa ajili ya harusi yangu. Niliwaona watu wanaondoka upande wangu, mmoja mmoja, kisha familia nzima nzima, kisha Sista Getruda aliyekuja kunitazama mimi, kisha, Mungu anisamehe, Chenge. Mwishoni mbele yangu amebaki mayu peke yake, na hata yeye alikuwa anachungulia begani.

Nimeshindwa. Naandika hapa, kitabu cha Mjerumani kiwe shahidi: nimeshindwa mchana kweupe, na Mgika, fundi wa pancha.

Nimerudi nyumbani kwa miguu. Wagika wako barabarani wanaimba jina langu na mambo mabaya. Nimekaa mlangoni, nimeweka mkono kifuani, nikasubiri. Du. Du. Du. Aibu yote ile, nao haujakosea hata mara moja.